Fundi wa Miaka Kumi na Miwili

Tao la Tamda, mji wa bondeni, lilianguka siku ya soko, watu wamefurika barabarani, na kwa bahati halikumponda hata kuku. Lilitoa mlio mmoja tu, kama gunia la shayiri linapobwagwa chini, likatumbukia mtoni. Maji ya mfereji, ambayo kwa miaka mingi yalivuka juu ya tao lile kwenda bustanini, yakabaki yanamwagika korongoni bila faida kwa mtu.

Kule juu mlimani, kijijini Adfel, habari hiyo ililetwa na mtu ambaye fundi Izza hakutarajia kumwona tena akija kwa miguu yake mwenyewe.

Izza alikuwa machimboni, amechuchumaa mbele ya jiwe anasikiliza mlio wake kwa kuligonga na kinyundo, aliposikia Moha mwenye nyumbu akimpigia kelele kutoka njiani.

"Fundi! Fundi, hebu njoo! Kuna kijana wa mjini hapa anasema yeye ni kaka yako mkubwa!"

Wachimba mawe wakaangua kicheko, maana Izza kichwa kilikuwa kimeshaingia mvi. Mwenyewe hakucheka. Alifuta mikono kwenye aproni ya ngozi, akashuka taratibu.

Hammou alikuwa amesimama kando ya nyumbu, viatu vyake vyeupe kwa vumbi, ndevu nyeusi tii. Alipoondoka Adfel alikuwa na miaka ishirini na miwili, na Izza kumi na sita. Alikwenda Tamda kutafuta kazi, akakaa huko miaka minane. Lakini bondeni wakati hutembea, na mlimani hukimbia. Siku moja ya Tamda ni siku nne za Adfel. Ndivyo ilivyo tangu watu waanze kuishi pande hizo, kama ilivyo kwamba kijiji cha Amas, katikati ya njia, siku ya bondeni kwao ni mbili, na kwamba wafanyabiashara wanaokwenda jangwani kusini hurudi baada ya safari moja na kukuta watoto waliowaacha wananyonya wameshaoa. Basi miaka minane ya Hammou ilikuwa thelathini na miwili ya Izza. Kaka alikuwa na miaka thelathini. Dada alikuwa na arobaini na minane, mjane, mama wa mabinti wawili walioolewa, na fundi mkuu wa mawe kuanzia Adfel hadi Amas.

"Karibu, Dda," alisema Izza. Ndivyo kwao mdogo anavyomwita kaka mkubwa. Neno lilitoka kavu kama mkate wa juzi.

"Ahsante. Habari za hapa?"

"Za hapa? Nzuri tu. Baba hajafufuka."

Moha akainama ghafla, akajitia kukagua kwato za nyumbu.

Lile lilikuwa jeraha la zamani. Mzee Yidir, baba yao, aliyewafundisha wote wawili kuchonga, alipofariki, mjumbe alifika Tamda adhuhuri ileile. Hammou alikuwa karani wa baraza la maji, na ilikuwa wiki ya kugawa zamu za mfereji. Akaomba ruhusa, akaambiwa asubiri, akasubiri siku tatu. Tatu zake zilikuwa kumi na mbili za wenzake. Alifika mikeka ya matanga imeshakunjwa, akalala usiku mmoja, akarudi mjini. Kwake ilikuwa miaka mitano iliyopita. Kwa Izza, ishirini.

"Tao limeanguka," alisema Hammou. "Bustani zote za ng'ambo hazina maji. Mikomamanga imebeba maua, mitende michanga haina mizizi ya kufika chini. Tukipata maji ndani ya siku kumi na mbili tutaokoa, zaidi ya hapo ni kuni. Mjenzi wetu anasema kulisimamisha upya ni miezi miwili, tena akiharakisha."

"Na wewe wamekutuma kwa nini?"

"Kwa sababu katika baraza zima ni mimi peke yangu niliyekulia huku."

"Kumbe wanajua? Mimi nilisikia unawaambia wewe ni mtu wa Amas."

Hammou alitazama viatu vyake. "Leo asubuhi nimewaambia ukweli."

Jioni hiyo watu wa Adfel walikutana kwenye uwanja wa kupuria nafaka. Wengi walikataa hata kabla Hammou hajamaliza kusema. Shayiri ilikuwa inakaribia kukomaa, na nani atavuna kama mikono yote iko kwenye mawe?

"Theluji yetu ikiyeyuka siku nne, wao wanaipokea kwa siku moja," alisema Moha. "Wanakunywa siku zetu, wananenepa kwa siku zetu, halafu ukishuka sokoni utasikia, 'Hao watu wa mbio wamekuja, wauzieni upesi kabla hawajazeeka!' Waache wakauke kidogo, labda watapata adabu."

Watu wakaitikia. Izza aliwaacha waseme mpaka walipochoka.

"Yote aliyosema Moha ni kweli," alisema. "Na mimi yamenichoma kuliko wengi wenu. Lakini lile tao lina upana wa hatua kumi na nane. Hakuna fundi aliye hai aliyejenga tao kama hilo, si huku si kule. Wao wana siku kumi na mbili. Sisi siku hizohizo ni arobaini na nane. Tutachonga mawe hapa, tulisimamishe hapa uwanjani mpaka likae sawa, tulibomoe, tulishushe kwa nyumbu, tulisimamishe tena kule. Nasema ukweli wangu, jamani: nataka kulijenga. Sitaki kufa na kazi hii iko mkononi mwangu sijaifanya."

 Halafu mwanamke mmoja mzee akauliza, "Sasa shayiri tutapuria wapi, kama uwanja umeuchukua wewe?"

"Juu ya mapaa," akajibu Izza. Hapo ndipo walipojua kwamba alikuwa ameshaamua.

Kesho yake Izza alishuka na kamba ya kupimia, Hammou na Moha pamoja naye. Walipofika Tamda bado ilikuwa siku ileile ya soko, jua linaelekea alasiri. Alipima pengo upande hata upande, akapima tena, akafunga mafundo kwenye kamba. Kisha wakaitwa mbele ya baraza la maji, chini ya ukumbi wa nguzo, watu wamejazana mpaka nje.

Mkuu wa baraza aliitwa Si Bennaser, hiyo Si kwao ni kama Bwana, mzee mnene wa miaka sitini, mwenye sauti ya mtu asiyezoea kukatizwa. Alimtazama Izza kwa muda.

"Wewe si yule binti wa Yidir? Yule aliyekuja na baba yake kuuza mawe ya kusagia, akaliangusha moja hapo mlangoni? Ilikuwa juzi tu hapa!"

"Juzi yako, Si Bennaser. Mimi tangu siku hiyo nimezaa, nimezika mume, na nimejenga vinu kumi na vinne."

Watu walicheka, na mzee naye akatabasamu. Lakini alipofungua daftari kubwa la baraza, tabasamu likamtoka.

"Kuna jambo hapa. Kazi ya mfereji hupewa mtu mzima, aliyeandikwa. Aliyehamia mjini huandikwa umri aliokuja nao, lakini wa mlimani daftari letu linamhesabu kwa mwaka wa Tamda." Akapitisha kidole kwenye mstari. "Izza binti Yidir, wa Adfel. Kwa hesabu hii una miaka kumi na miwili."

Kicheko kilichozuka hapo hakikuwa kile cha kwanza. Mtu mmoja nyuma akasema kwa sauti, "Mpeni na kashata, mtoto katoka mbali!" Mwingine akauliza kama mama yake anajua yuko wapi. Moha alikunja ngumi. Izza alisimama vilevile, kamba yake begani, akasubiri.

"Si dharau, ni sheria," alisema Si Bennaser, akiinua mkono kutuliza watu. "Na ina njia yake. Mtoto husimamiwa na walii. Bahati nzuri kaka yake mkubwa yuko hapahapa, karani wetu. Hammou, njoo utie sahihi kwa niaba ya mdogo wako, tumalize."

Wakamsogezea Hammou kalamu. Izza alimtazama. Kwa miaka mingi alikuwa amejiambia kwamba hakuna kitu ambacho kaka huyu angeweza kufanya kikamuumiza tena, na sasa aliona amejidanganya. 

Hammou aliishika kalamu, akaitazama, akairudisha mezani.

"Siwezi," alisema.

"Huwezi nini?"

"Siwezi kumsimamia mtu aliyenizidi. Nilipoondoka nyumbani nilikuwa mkubwa, ni kweli. Lakini wakati mimi nakaa hapa kivulini nahesabu zamu za maji, yeye aliishi. Baba alipougua ni yeye aliyemuuguza. Mawe ambayo mimi nimesahau hata jinsi ya kuyashika, yeye anayafahamu kwa mlio. Nyinyi mnamcheka mtoto? Huyu ni mkubwa wangu." Akamgeukia Izza. "Huyu ni Nanna yangu."

Nanna kwao ni dada mkubwa. Neno hilo haliitwi kwa mzaha.

 Izza alimgeukia Si Bennaser.

"Nitalijenga," alisema. "Fedha mtakazotoa mtaelewana na kijiji. Mimi binafsi nataka kitu kimoja. Siku maji yatakapovuka, daftari hilo liandikwe upya. Kila mtu wa mlimani ahesabiwe miaka aliyoiishi, kule alikoiishi. Akija hapa kutoa ushahidi, asikilizwe kama mtu mzima. Akija kuzungumza habari za maji, apewe kiti."

Si Bennaser alikuna kidevu. Nje, harufu ya udongo unaokauka ilikuwa imeanza kuingia na upepo.

"Likisimama," alisema mwishowe, "litaandikwa."

"Litasimama."

Hammou hakubaki mjini. Alipanda pamoja nao, na asubuhi iliyofuata alifika machimboni na patasi ya kuazima. Izza hakumpendelea hata kidogo. Alimpa kazi ya kukwangua nyuso za mawe, kazi ya anayeanza. Siku ya tatu malengelenge yalipasuka, siku ya sita akavunja jiwe zima kwa pigo moja la pupa, Moha akamwambia, "Pole, kijana, ukikua utaweza." Hammou akacheka na wenzake. Kuanzia siku hiyo hawakumwita tena mtu wa mjini.

Mawe yalitakiwa hamsini na moja. Uwanjani walisimamisha kiunzi cha magogo ya mjozi, kimepinda kama mgongo wa paka, wakaanza kupanga mawe juu yake kutoka pande mbili. Shayiri ilikomaa katikati ya kazi, kama walivyohofia. Wazee na kina mama wajawazito waliingia mashambani, miganda ikapandishwa kwa ngazi, ikapigwa kwa fimbo juu ya mapaa, na makapi yakawanyeshea wachonga mawe vichwani siku nne mfululizo. Nyingine ilipukutika shambani, wakaikubali hasara.

Adhuhuri moja, wakila mkate na mtindi kivulini, Hammou alisema bila kumtazama dada yake, "Alinitaja? Baba?"

Izza alitafuna polepole. Angeweza kusema uongo wa kumfariji au wa kumuumiza.

"Aliuliza mara mbili kama umefika. Mara ya tatu hakuuliza, alisema tu, 'Bondeni bado ni asubuhi.' Alikuwa anakutetea, mjinga wewe. Mimi ndiye niliyekasirika."

Hammou aliweka bakuli chini. Alilia kwa muda mrefu, na Izza akamwacha alie, ila alimsogezea kitambaa. Walipoinuka kurudi kazini alimpa patasi ya Yidir, yenye mpini wa mzeituni, na kumhamishia kwenye mawe ya tao.

Siku ya thelathini na tano waliondoa kiunzi. Tao lilisimama lenyewe katikati ya uwanja, kubwa, jeupe, halivuki kitu chochote. Watu wa Adfel walitoka wote kulitazama. Wengine walipita chini yake na kurudi bila sababu. Izza alilizunguka akiwa na timazi mkononi, akapima, akapima, kisha akaiweka timazi mfukoni akaketi juu ya jiwe. 

Wakalibomoa. Kila jiwe lilitiwa alama ya rangi nyekundu, likafungwa kwa majani makavu, nyumbu wakaanza kushuka. Tamda wakashangaa. Kwao ilikuwa siku ya tisa tu, na mjenzi wao bado alikuwa anachora. Hakuna aliyepiga kelele za watu wa mbio. Walikuja wenyewe kubeba, wakasimamisha kiunzi mtoni, na siku ya kumi mawe yakaanza kupanda pande zote mbili.

Siku hiyo, jioni kabla jua halijazama, Moha alifika kutoka korongoni akiwa anachechemea, uso umepauka.

"Nyumbu ameteleza," alisema. "Mwenyewe mzima. Mzigo umekwenda na maji."

"Jiwe gani?"

 Moha akaonyesha kwa mikono umbo lake, pana juu, jembamba chini. Lilikuwa jiwe la kilele, lile linalofunga tao. Bila hilo mawe mengine hamsini ni rundo tu.

Watu wa Tamda walishika vichwa. Mwanamke mmoja alikaa chini palepale barabarani. "Siku mbili zimebaki," alisema Si Bennaser. "Tumekwisha."

"Mmekwisha nyinyi," alisema Hammou. "Kule juu ziko nane." Akamgeukia dada yake. "Nipe kigezo, Nanna. Wewe huwezi kuondoka hapa, mawe yanakutaka. Nitaondoka alfajiri."

Izza alikuwa na kigezo chini ya mkono, kipande cha mbao chenye umbo kamili la jiwe la kilele. Jiwe hilo alilichonga mwenyewe, hakumruhusu mtu mwingine kuligusa. Likizidi kwa unene wa ukucha, haliingii. Likipungua kwa unene wa ukucha, tao zima litakaa vibaya na kuanguka siku kiunzi kitakapotolewa. Alimtazama kaka yake, viganja vyake vilivyoanza kuwa vya mtu wa mawe.

"Chukua kutoka ukuta wa kaskazini," alisema. "Lisikilize kabla hujalikata."

Alfajiri akaondoka. Siku hiyo nzima Izza alipanga mawe, akakaza macho kwenye kazi, hakutazama njia hata mara moja. Moha ndiye aliyekuwa akitazama kwa niaba ya wote. Kesho yake, siku ya kumi na mbili, jua likiwa kichwani, watu waliokuwa ng'ambo wakaanza kupiga vigelegele. Hammou alikuwa anashuka anamvuta nyumbu kwa hatua fupifupi. Mtu aliyeondoka jana amenyoa ndevu alirudi zimechipua kote, macho mekundu, vidole vimefungwa vitambaa. Kwake zilikuwa zimepita siku nne na usingizi wa saa chache.

Izza alilifungua jiwe mwenyewe. Akaligonga, akalisikiliza. Akapitisha kiganja pande zote nne. Akaweka kigezo.

"Nani kakusaidia?"

"Hakuna."

Wakalipandisha kwa kamba. Liliteremka kwenye nafasi yake hadi nusu, likasimama.  Izza alichukua nyundo ya mti, akapiga pigo moja, akangoja, akapiga la pili. Jiwe likazama likakaa, sauti yake nzito ikapita katika tao zima mpaka kwenye kingo za mto. Kisha akaamuru kabari za kiunzi zitolewe. Magogo yalilegea. Vumbi jembamba likadondoka. Tao likashuka kwa unene wa uzi, likatulia.

Alasiri walifungulia mfereji. Maji yalikuja na majani na povu, yakasita pale juu kama yanafikiri, yakavuka. Watu waliyafuata wakikimbia kando ya mfereji hadi kwenye bustani ya kwanza, wengine na viatu vyao, wengine bila. Wazee wa Tamda walikuwa wanawakumbatia wenye nyumbu wa Adfel ambao hata majina yao hawakuyajua.

Si Bennaser alitimiza ahadi, na aliitimiza hadharani. Alileta daftari mpaka ukingoni mwa mto, akaketi juu ya gogo, akafuta mstari, akachovya kalamu.

"Izza binti Yidir, fundi, wa Adfel," akasoma anapoandika. "Miaka arobaini na minane."

"Arobaini na tisa," alisema Izza. "Mwaka umenigeukia nikiwachongea mawe."

Safari hii walicheka wote pamoja, na mzee akaandika arobaini na tisa. Halafu akaanza kuita wengine. Moha alipotaja umri wake alinyoosha mgongo kama askari. Walioshuka na mawe waliandikwa mmoja mmoja. Ilichukua muda mrefu, na hakuna aliyeondoka kabla ya zamu yake. Mwishoni karani mwenyewe alisimama mbele ya daftari.

"Hammou bin Yidir," alisema. "Miaka thelathini na siku thelathini zaidi ya hesabu yenu. Na muandike kwamba kazi ya ukarani naiacha."

Walipanda kesho yake, nyumbu hawana mizigo. Adfel iliwapokea kwa ngoma na siagi na mkate wa shayiri mpya, ile iliyopigwa juu ya mapaa. Hammou alikwenda kwanza kaburini kwa Yidir, peke yake, akakaa huko mpaka chakula kikapoa. Aliporudi, mabinti wa Izza walimpa nafasi kwenye mkeka bila kumuuliza kitu.

Wiki haikupita, wajumbe wa Amas walifika. Walitaka kinu, na walitaka fundi aliyejenga tao la Tamda. Izza aliwakaribisha chai, akasikiliza maneno yao mazuri hadi mwisho, akaona raha kuyasikiliza na hakuificha.

"Tutakuja," aliwaambia. "Lakini mimi nitakuja kupima tu. Mawe atayachonga Hammou."

Kisha akachukua kamba, akatoka nao.